UZI: Anna Sheppard, Allan Starski na kazi ya kuwavika watu elfu ishirini nguo za 1940

#1 MkasiMkali

Wadau, habari za humu. Uzi huu ni wa wanaotaka kujua filamu inajengwaje nyuma ya kamera. Tumjadili Anna Biedrzycka-Sheppard, mbunifu wa mavazi kutoka Poland. Wengi mmeziona kazi zake bila kulijua jina: Schindler's List (1993), Band of Brothers (2001), The Pianist (2002), Oliver Twist (2005), Inglourious Basterds (2009), Captain America: The First Avenger (2011), Maleficent (2014). Ameteuliwa Oscar mara tatu, kwa Schindler's List, The Pianist na Maleficent, na mara zote tatu ametoka mikono mitupu.

Nyingi katika orodha hiyo ni za vita. Filamu ya vita inamdai mbunifu kitu ambacho maonyesho ya mitindo hayamdai: nguo ionekane imeshavaliwa. Koti la 1941 ambalo mabega yake hayajapauka na mifuko yake haijalegea ni koti la dukani tu, hata likiwa na mkato sahihi wa mwaka huo.

Msimamo wangu ni huu: michoro ni robo ya kazi ya Sheppard. Robo tatu ni hesabu, rangi na msasa. Wenye ujuzi mwageni hapa.

#2 Pwani_Sinema

Mkuu, si alichukua Oscar kwa Schindler's List? Wapolandi walipanda jukwaani mwaka ule.

#3 FundiMandhari

Walipanda, ila si yeye. Machi 1994 filamu ile ilitwaa Oscar 7 kati ya 12 ilizoteuliwa. Ya mandhari ilikwenda kwa Allan Starski na Ewa Braun, ya upigaji picha kwa Janusz Kamiński. Ya mavazi ilichukuliwa na Gabriella Pescucci kwa The Age of Innocence. Kwa The Pianist, Sheppard alizidiwa na Colleen Atwood wa Chicago. Kwa Maleficent, ambako aliteuliwa pamoja na Jane Clive, walizidiwa na Milena Canonero wa The Grand Budapest Hotel. Na msimchanganye na Magdalena Biedrzycka, aliyefanya mavazi ya Katyń (2007). Huyo ni mwingine kabisa.

Wagawanyeni hivi. Starski ni mbunifu wa mandhari: anaamua mtaa uwe wapi, ukuta uwe na kimo gani, kipi kijengwe na kipi kikodiwe. Braun alikuwa mpambaji wa seti: chochote kinachoweza kubebwa ndani ya mandhari hayo, kuanzia kabati hadi karatasi juu ya meza. Sheppard ana kila kinachogusa mwili.

Ugomvi huwa mpakani. Saa ya mkononi ni ya nani? Miwani? Sanduku la safari? Kwa kawaida kinachovaliwa ni cha idara ya mavazi, na kinachoshikwa na kutumika katika tendo ni cha idara ya vifaa. Lakini mwavuli unaokunjwa na kutundikwa mkononi utazua mzozo. Dawa ni orodha ya mgawanyo inayosainiwa na idara zote kabla ya kununua kitu. Bila orodha hiyo, ama wawili wananunua kitu kimoja, ama asubuhi ya kupiga picha hakipo.

Starski alizaliwa Warsaw 1943 na kumaliza Akademia ya Sanaa ya mji huo 1969. Amekulia kwenye filamu za Andrzej Wajda, mwongozaji wa Poland: Człowiek z marmuru (1977), Człowiek z żelaza (1981), Danton (1983). Mkewe, Wiesława Starska, ni mbunifu wa mavazi na amemfanyia Wajda kazi pia. Kwa watu hawa ukuta na koti si mambo ya ofisi mbili.

#4 KijivuTupu

Hapo kwenye ukuta na koti ndipo Schindler's List inapofundisha zaidi, kwa sababu karibu yote ilipigwa kwa filamu nyeusi na nyeupe.

Rangi ikiondoka, kinachobaki ni mwanga na giza tu. Sweta jekundu mbele ya mlango wa kijani linaonekana vizuri kwa macho, lakini kama vyote viwili vinaakisi mwanga sawa, kwenye filamu ni kijivu kimoja na mtu anamezwa na mlango. Starski alizifanya seti ziwe ama nyeusi zaidi ama nyeupe zaidi kuliko ngozi za waigizaji ili nyuso zisipotelee ukutani, na mavazi nayo yalilazimika kuachana na ngozi na vilevile kuachana na seti. Vitu vitatu, ngazi tatu za kijivu. Ukikosea kimoja unalazimika kukitengua kingine.

Namna ya kupima:

Kata vipande vya sentimita 20 kwa 20 vya kila kitambaa. Kidogo zaidi ya hapo kinadanganya, kwa sababu mfumo wa nyuzi hauonekani. Vibandike ubaoni pamoja na kadi ya kijivu ya asilimia 18 (inaakisi asilimia 18 ya mwanga) na kipande cha rangi halisi ya ukuta. Msimamishe mtu kando ya ubao, maana bila ngozi halisi kipimo hakina maana. Ngozi ya Mzungu huwa juu ya kadi hiyo kwa takriban stopu moja, yaani mwanga maradufu. Piga kwa filamu, lenzi na taa zitakazotumika. Kisha rudia kwa taa hafifu, kwani vitambaa viwili vilivyoachana mchana vinaweza kuungana usiku.

Kosa la kila siku ni kupima kwa simu iliyowekwa kwenye nyeusi na nyeupe. Simu inarekebisha mwanga yenyewe kila unapoisogeza, kwa hiyo vipimo viwili havilinganishiki. Ukilazimika kuitumia, funga mwanga usibadilike na acha kadi ya kijivu ndani ya kila picha.

Mengine mawili. Sufu nyeusi tii inakunywa mwanga wote na koti linakuwa shimo lisilo na mifuko wala kola. Tumia buluu nzito au kahawia iliyokolea, itasomeka nyeusi na mikunjo itaonekana. Na shati jeupe la dukani linawaka kuliko uso. Lichovye kwenye chai ya rangi: gramu 50 za majani kwa lita 10 za maji, dakika 10 hadi 15. Lazima liwe limeloweshwa kwanza, la sivyo madoa yanashika pale chai ilipogusa mwanzo.

#5 MamaVishikizo

Tuje kwenye wingi. Kwa Schindler's List hesabu inayotajwa ni mavazi ya waigizaji wa umati 20,000. Upigaji ulianza Kraków Machi 1993. Sheppard alitangaza kwamba ananunua nguo za miaka ya 1930 na 1940, na kwa kuwa uchumi wa Poland ulikuwa umebana, watu walifungua makabati na kuziuza. Kwangu huo ndio uamuzi mkubwa kuliko mchoro wowote. Nguo halisi inakuja na uzito wake, mshono wake na uchakavu ambao msasa hauwezi kuuiga.

Lakini nguo halisi ina matatizo yake. Saizi za zamani ni ndogo, hasa mabegani na kwenye viatu. Nyuzi za mshono zimeoza kabla ya kitambaa: shika mshono wa makalio na wa kwapa, vuta kidogo, ukisikia mlio wa kukatika shona upya wote kabla ya kumvalisha mtu. Nondo nao. Nguo iliyonunuliwa nyumbani kwa mtu isiingie ghalani moja kwa moja. Ifungwe kwenye mfuko na kugandishwa siku kadhaa, itolewe irudi kwenye joto la chumba, igandishwe tena, maana mayai hustahimili mara ya kwanza.

Hesabu ya kuvalisha umati, mfano: vituo 6, kila mtu dakika 8. Ni watu 45 kwa saa, 360 kwa siku ya saa 8. Watu 1,000 ni karibu siku tatu kamili kabla ya siku ya kupiga picha, na hapo hakuna aliyekosa kiatu. Viatu ndivyo vinavyokwamisha foleni siku zote. Tenga kituo cha viatu peke yake, mwanzoni mwa mstari, si mwishoni.

Kila mtu apewe namba. Namba hiyo iandikwe kwenye hanga, kwenye mfuko wa vitu vidogo na kwenye ubao anaoushika akipigwa picha ya mbele na ya mgongo. Asiporudi siku ya pili, seti yake inavalishwa mwenye saizi ileile kwa dakika mbili.

Na umati hauvalishwi sawa. Walio ndani ya mita 5 za kamera wanavikwa kila kitu hadi soksi. Wa katikati: koti, kofia, viatu, na shingo iliyofunikwa. Wa nyuma ni umbo tu, koti na kofia. Kinachoharibu ni mwongozaji kumpenda mtu wa nyuma na kumwita mbele. Basi weka akiba ya seti kamili kama 30 kwa ajili ya hao walioitwa.

Machi ya Kraków bado ni baridi. Nguo za joto zinavaliwa ndani, kwa hiyo shati na koti lipimwe juu ya hizo tangu siku ya vipimo.

#6 Gikomba_Online

Swali la haraka. Nguo ya mtumba nitajuaje ni sufu ya kweli au ni poliesta iliyofanywa ifanane na sufu?

#7 MamaVishikizo

Chomoa uzi kwenye pindo la ndani, uchome juu ya sahani. Sufu inanuka nywele zilizoungua, inajizima yenyewe, majivu meusi yanasagika kwa vidole. Poliesta inayeyuka na kuacha kidonge kigumu. Pamba na kitani huungua kwa haraka, harufu ya karatasi, jivu laini la kijivu. Mchanganyiko unatoa vyote viwili: harufu ya nywele na vidonge vidogo ndani ya jivu. Kwa filamu ya zamani mchanganyiko ni hasara mara mbili, kwanza unang'aa chini ya taa, pili rangi ya sufu haishiki kwenye poliesta, kwa hiyo ukitia rangi unapata mabaka.

Angalia pia zipu. Suruali ya mwanamume wa Ulaya ya Kati ya 1939 mara nyingi ni ya vishikizo mbele. Zipu ya plastiki popote pale, iondoe.

#8 MkasiMkali

Sasa The Pianist. Sehemu kubwa ilipigwa kwa kurudi nyuma: ya mwisho kwanza, ya mwanzo baadaye. Sababu ni mwili wa mwigizaji mkuu, Adrien Brody, aliyepunguza takriban kilo 14. Ni rahisi kuanza umekonda kisha ukala kuliko kukonda katikati ya ratiba.

Kwa idara ya mavazi hiyo ni balaa. Nguo inaweza kuchakazwa, haiwezi kurudishwa upya. Katika ratiba ya kawaida suti moja inaanza nzima, unaichubua wiki hadi wiki. Ukianza na mwisho, matambara ya 1944 lazima yawe tayari siku ya kwanza, na suti safi ya 1939 ije miezi baadaye, na mtazamaji aamini ni nguo moja.

Kwa kazi ya namna hiyo taratibu ni hizi. Kitambaa chote kinunuliwe kwenye jora moja. Ukirudi dukani baada ya miezi miwili, jora jipya limetiwa rangi kwenye pipa jingine na tofauti itaonekana kwenye taa. Kwa mhusika mkuu wa filamu ya vita nakala 5 au 6 za suti ni kawaida, na suti ya vipande vitatu ya mtu mrefu inakula mita 3.5 hadi 4 za kitambaa cha upana wa sentimita 150. Nunua mita 25 na ukate zote kwa siku moja. Vishikizo vivyo hivyo: vyote mara moja, pamoja na akiba.

Halafu kuna chati. Safu kwa kila hatua ya hadithi: safi, imevaliwa, imechafuka, imeraruka, matambara. Kwa kila hatua andika tundu liko wapi na lina sentimita ngapi. Tundu la hatua ya nne lisiwe dogo kuliko la hatua ya tatu, na doa likitokea hatua ya pili libaki hadi mwisho hata likififia. Kosa la kawaida ni mchakazaji kufurahia kazi na kufika matambara mapema mno, hatua ya nne ikakosa pa kwenda.

#9 RangiNaMsasa

Basi niweke hatua za kuchakaza, maana wengi huishia kupaka matope.

Fua kwanza, mara mbili tatu, kuondoa wanga wa kiwandani. Ingali mbichi, jaza mifuko ya mchanga, kilo moja moja, kwenye mifuko ya koti na magoti ya suruali; tundika saa 12 hadi 24. Kisha ivae mtu au dami (sanamu la kuvalishia nguo), kunja viwiko na magoti, ikaukie hapo. Umbo kwanza, rangi baadaye. Ukibadilisha mpangilio unapata nguo mpya yenye uchafu.

Msasa: namba 80 kwa kola, kingo za mikono, midomo ya mifuko na pindo, umalizie na 120. Weka kibao ndani ya mkono wa nguo ili usitoboe upande wa pili. Brashi ya waya kwa viwiko. Mtu wa mkono wa kulia huchakaza upande wa kulia zaidi, na mfuko wake wa kulia unalegea zaidi. Ukichakaza pande zote sawa, kamera inaona mkono wa fundi.

Kupausha: mabega na mgongo wa juu, mahali jua linapopiga. Halafu giza linarudishwa chini ya kola, kwapani na ndani ya mikunjo kwa rangi iliyozimuliwa, ipulizwe kutoka nusu mita. Jasho la shingo ni glisirini kidogo na rangi ya kahawia. Vumbi huja mwisho kabisa, udongo laini uliochekechwa, na kila anayeupuliza avae barakoa.

#10 Pwani_Sinema

Kupausha si jiki tu inatosha? Kiasi gani?

#11 RangiNaMsasa

Jiki kwenye sufu au hariri, hapana. Inaziyeyusha nyuzi zenyewe. Kwanza koti linakuwa la njano, kisha linateleza kama sabuni mikononi, halafu halipo. Kwa sufu tumia msasa, na rangi nyepesi kavu inayosuguliwa juu juu.

Kwa pamba na kitani: jiki sehemu 1 kwa maji sehemu 10, glavu, mahali penye hewa, itoe nguo wakati rangi inakaribia unayotaka, si inapofika. Maji matupu hayaisimamishi vizuri, nguo inaendelea kuliwa na wiki ya tatu inapasuka kwenye kiwiko. Isimamishe kwa maji yenye thaiosalfeti ya sodiamu, kisha suuza sana. Na msithubutu kutumia siki kuisimamisha. Siki na jiki vikikutana vinatoa gesi ya klorini, mtalazwa.

Siki ni ya kutia rangi sufu: kikombe kimoja kwa nusu kilo ya nguo, kwenye rangi za asidi. Maji yapande polepole, karibu dakika 40, hadi nyuzi 85 au 90, kisha nguo ipoe ndani ya sufuria ileile. Ukiitoa kwenye moto na kuitupa kwenye maji baridi inasinyaa na kugandana, na hakuna pasi ya kuinyoosha.

#12 KijivuTupu

Jambo jingine ambalo filamu za nje hukosea na hawa hawakosei: alama za ubaguzi ambazo Wayahudi walilazimishwa kuvaa. Nyota ya njano kifuani watu huibandika popote. Katika sehemu ya Poland ambayo Wajerumani waliokuwa wakiikalia waliiita Serikali Kuu, pamoja na Kraków na Warsaw, amri ya Novemba 1939 ilitaka utepe mweupe wenye nyota ya buluu, mkono wa kulia, upana usiopungua sentimita 10. Nyota ya njano ilikuwa ya maeneo yaliyomezwa na Ujerumani, Łódź mojawapo. Ukiweka ya njano kwenye mtaa wa Warsaw umehamisha mji.

Kivitendo: tepe zisitoke zote kwenye kiolezo kimoja. Watu walijishonea au kununua, kwa hiyo tengeneza aina kama sita: zilizotariziwa, zilizochapwa, zilizochorwa kwa mkono, kitambaa kizuri na kibaya. Na usizishone kwenye koti. Pini mbili kwa ndani, kwa sababu koti hilohilo litahitajika kwenye tukio la kabla ya amri.

#13 FundiMandhari

Turudi kwa Starski, maana The Pianist alifanya pia, ikampa César, tuzo ya filamu ya Ufaransa. Mitaa ya ghetto, eneo la Warsaw walikofungiwa Wayahudi, ilijengwa upya kwenye studio za Babelsberg, Potsdam, Ujerumani. Kwa Warsaw iliyobomolewa walitumia kambi ya zamani ya jeshi la Kisovieti huko Jüterbog, majengo yaliyokuwa yabomolewe hata hivyo. Ni akili ileile ya Sheppard na makabati ya Kraków: kilichopo na kinachoelekea kutupwa kina ukweli usionunulika. Linganisha na Schindler's List, ambako Płaszów, kambi ya mateso ya Wanazi, ilijengwa upya karibu na mahali pa awali, mabanda 34. Pale hakukuwa na cha kubomoa, ikabidi kujenga.

Magofu yana shida yake. Matofali yaliyovunjika yana wekundu mpya ndani, na wekundu huo unapiga kelele kwenye picha. Lazima yapulizwe maji ya vumbi na masizi, ya juu zaidi ya chini. Na hapa mavazi yanaingia: vumbi la nguo lazima litoke kwenye ndoo moja na vumbi la seti. Mandhari wakitumia la kijivu cha saruji na mavazi wakatumia la kahawia, mtu anaonekana amekuja kutoka kifusi kingine. Chukueni ndoo kwenye seti, chekecheni, pelekeni chumba cha mavazi. Angalieni tu vifusi vya zamani visiwe na asbesto.

#14 Gikomba_Online

Na lile koti la afisa Mjerumani mwishoni mwa The Pianist? Naona hilo lenyewe ni mwigizaji.

#15 MkasiMkali

Ni kweli. Afisa huyo, Hosenfeld, anamwachia koti lake Szpilman, mpiga piano anayeigizwa na Brody, na wakombozi wanapoingia wanamfyatulia risasi Szpilman kwa sababu wameona koti kabla ya mtu. Koti la namna hiyo lina masharti mawili yanayogombana. Lisomeke la Kijerumani kutoka mbali, kwa hiyo kola, mabega na safu ya vishikizo viwe wazi. Tena likae vibaya juu ya aliyekonda, kwa hiyo lisipimwe kwake hata kidogo, lipimwe kwa mwigizaji wa afisa na libaki hivyo.

#16 MamaVishikizo

Ongeza suala la mwili unaobadilika, kwa ratiba ya kinyume. Suti za mwanzo wa hadithi ndizo zinazopigwa mwisho, mwigizaji akiwa ameshanenepa. Zikatwe mapema kutoka jora lile lile lakini zisimaliziwe. Acha akiba ya mshono ya sentimita 4 katikati ya mgongo na 3 kila ubavu, na suruali 4 nyuma ya kiuno. Bitana ishikizwe kwa mkono tu. Pima tena wiki moja kabla ya tukio, ndipo cherehani ipite. Shati ni kola peke yake: tengeneza mashati yenye kola ya kushikizwa kwa vishikizo, badilisha saizi ya kola na mwili wa shati ubaki. Urefu wa mikono haubadiliki kwa kilo 14, shingo inabadilika.

#17 Pwani_Sinema

Na Maleficent? Huko hakuna mitumba wala magofu.

#18 RangiNaMsasa

Huko mzigo ni mwingine. Pembe zilikuwa za Rick Baker upande wa meikapu, kwa hiyo kola na shingo ya vazi vinapangwa kwa kichwa ambacho si cha idara ya mavazi. Kwa kazi ya aina hiyo omba nakala ya pembe siku ya kipimo cha kwanza, hata ya povu. Vazi lisivaliwe kwa kupitishia kichwani, liwe na mpasuo mgongoni hadi kiunoni au lifunguke mbele, na kola ndefu itolewe peke yake kwa ndoano. Mpime mwigizaji akigeuza kichwa kulia na kushoto, na akikaa. Ncha ya pembe ikikwaruza kola mara moja kwenye chumba cha vipimo, kwenye seti itaikata.